Sauti ya Sechelela Kwenye Lango la Saba

Saa kumi na mbili kasoro dakika mbili asubuhi, fundi Mihayo Lugendo alikuwa amepiga goti kando ya mfereji, kipimo cha umeme mkononi, na alikuwa ameshasema mara tatu kwamba hakuna kitakachotokea.

"Sema mara ya nne," alisema Mama Nghumbi. "Labda utajisadikisha."

Mama Nghumbi alikuwa amekalia ndoo iliyopinduliwa, kitabu cha nyimbo mapajani, kanga mbili mabegani kwa ajili ya baridi. Alikuwa mzee wa kanisa hapo Chilumbu, na hakuwahi kuonekana akiwa na haraka. Mwenyekiti wa Jumuiya ya Maji aliwateua wao wawili kwa makusudi, mmoja anayeamini na mmoja asiyeamini, wachunguze jambo la lango la saba na kuleta taarifa moja tu kabla ya mkutano wa Jumamosi. Leo ilikuwa Jumatano.

"Mpini wa kuzungushia nimeung'oa jana jioni," alisema Mihayo. "Uko nyumbani kwangu chini ya kitanda. Kama kuna mtu anayekuja kulifungua lango hili kwa mkono, leo atahangaika."

"Na kama si mtu?"

"Mama, kila kitu ni mtu au ni mashine. Sijaona cha tatu."

"Wanyamwezi hamjaona vitu vingi."

Mihayo alitaka kujibu, kwa kuwa mtani asiyejibu amekubali kushindwa, lakini sindano ya kipimo iliruka. Ndani ya boksi la chuma mota ilikohoa, ikanguruma, na lango likapanda taratibu. Maji yakajipenyeza chini yake, yakiwa na povu la vumbi, yakashika njia ya shamba la zabibu la Mzee Chibago. Kisha spika iliyo kwenye nguzo ya sauti, hatua nne kutoka pale alipopiga goti, ikasema kwa sauti ya mwanamke mzee, yenye mkwaruzo kidogo mwishoni mwa kila neno:

"Baba Yoramu, umelala tena? Maji yamefika. Njoo kabla hayajanywewa na mchanga."

Mama Nghumbi alifunga kitabu cha nyimbo. Mihayo alibaki na kipimo mkononi, hajui akiweke wapi.

Kutoka katikati ya mizabibu mtu akasimama. Alikuwa Mzee Chibago mwenyewe, mume wa marehemu mwenye sauti ile, blanketi mwilini na umande kichwani. Ilikuwa wazi kwamba hakulala ndani.

"Nipo, Mama Yoramu," aliiambia nguzo. "Sikulala."

"Umekula?"

"Sijala."

"Basi kula. Utakula mwenyewe, au unataka nije nikulishe?"

Mzee akacheka kicheko kifupi, kisha akaufunika uso kwa blanketi. Sechelela, aliyekuwa mke wake kwa miaka arobaini na sita, alikuwa amezikwa siku arobaini na mbili zilizopita, na wote watatu walikuwepo.

* * *

"Amri imetoka kituoni," alisema Mihayo wakiwa njiani. Alikuwa anatembea haraka mno, na kila baada ya hatua kadhaa alilazimika kusimama amngoje mama yule. "Kipimo kimeonyesha. Kwa hiyo ni mashine. Tumemaliza."

"Mashine imemuuliza mume wa mtu kama amekula."

"Imefundishwa."

"Na nani?"

"Na Sechelela mwenyewe, alipokuwa hai. Mama, wewe pia unaye msemaji kule kituoni. Unafahamu jinsi wanavyofanya kazi."

Mama Nghumbi alifahamu, kama kila mtu wa Chilumbu alivyofahamu. Tangu ukame wa mwaka elfu mbili sitini na moja, maji ya kisima kikuu yaligawanywa kwa sauti. Kila mwanachama alikaa mbele ya nguzo kwa mwezi mzima, jioni hadi jioni, akasema habari za shamba lake, ugomvi wake na jirani, anachopenda na asichokubali, na kutokana na maneno hayo kituo kilimtengenezea msemaji. Mwenye msemaji akienda machungani wiki tatu, msemaji anamwombea maji kwa zamu, anabishana na wasemaji wa wengine, anapiga kura. Anatumia sauti ya mwenyewe ili watu wajue ni nani anayebishana. Mwenye sauti akitaka kumsahihisha, anakwenda kwenye nguzo na kusema kwa kinywa chake, na la kinywa ndilo linalosimama.

Mtu akifa, msemaji wake hunyamaza siku hiyo hiyo, na kura yake haihesabiwi tena. Ndivyo ilivyotakiwa.

Kituo kilikuwa chumba kimoja cha matofali chenye mitambo iliyopangwa ukutani kama vyungu. Mihayo alifuta vumbi kwenye kioo, akaandika jina, akangoja. Mguu wake wa kulia ulikuwa unapiga sakafu bila yeye kutaka. Mstari mmoja ulijitokeza.

SECHELELA MASIMA. LANGO LA SABA. HAI.

"Haiwezekani," alisema Mihayo.

"Sasa ni wewe unayesema hivyo," alisema Mama Nghumbi.

Hawakumsikia Mzee Chibago akiingia. Alikuwa amewafuata polepole na blanketi lake. Alisoma mstari ule juu ya bega la fundi, midomo ikitembea, kisha akausoma tena.

"Hai," alisema. "Nilijua."

"Mzee, hilo ni kosa la..."

"Nilijua," alisema Chibago, akatoka.

Mlangoni alipishana na Mwenyekiti Mbeleje, aliyekuwa anaingia akipangusa jasho. Mbeleje alikuwa mtu wa haki kwa kadiri watu wanavyoweza kuwa. Alitaka mkataba wa kampuni ya zabibu na hakuficha. Kampuni ingechukua maji ya asubuhi yote kwa miaka thelathini, nayo ingejenga barabara ya lami na ghala la baridi. Wanachama waliotaka barabara walikuwa wengi. Waliotaka maji walikuwa wengi zaidi, kwa mtu mmoja.

"Sitini wamesema ndiyo," alisema Mbeleje. "Sitini na moja wamesema hapana. Jumamosi nitasoma hesabu hiyo mbele ya watu wa kampuni. Sina neno na kushindwa, fundi, nimeshindwa mara nyingi. Nataka kujua kitu kimoja tu, kama huyo wa sitini na moja ana mwenyewe."

Mihayo hakuhitaji kuuliza ni nani. Yeye mwenyewe alisema hapana. Shamba la binti yake lilikuwa kwenye lango la kumi na mbili, la mwisho kabisa kwenye mfereji. Maji ya asubuhi yakichukuliwa, lango hilo lingekauka kabla ya mengine yote.

Adhuhuri ile watoto wa shule walikuja mbio kusema kuwa Mzee Chibago anachimba.

Walimkuta makaburini, jembe mikononi, ameshatoa udongo wa kujaza karai mbili. Hakuwa na wazimu machoni. Hilo ndilo lililomtisha Mihayo. Alikuwa anachimba kama mtu anayetengeneza matuta, kwa mpango, akipumzika kila baada ya mapigo kumi.

"Tulimzika saa tisa," alisema bila kugeuka. "Asubuhi ndipo alipokata roho. Kwa nini tulifanya haraka? Kwa sababu ya joto. Mimi sikumtazama vizuri. Tulikuwa hatusemezani siku ya tatu, kwa ajili ya huo mkataba wenu. Kila mmoja alikuwa amekwenda kwenye nguzo na kusema neno lake. Nikasema nikimtazama sasa nitakuwa nimemwomba radhi mbele za watu. Sasa mashine inasema yu hai. Mashine haina haraka ya kuzika mtu kama sisi. Nilimzika mzima, Nghumbi. Nilimzika mwanamke aliye hai, kwa kiburi."

Mama Nghumbi alishika mpini wa jembe na hakuuvuta. Aliushika tu, mpaka mikono ya mzee ilipolegea.

* * *

Alhamisi Mihayo hakunywa chai yake. Aliimimina, ikapoa, akaimwaga, akamimina nyingine. Saa nne asubuhi alikuwa kituoni, na Mama Nghumbi alikuwa pale na ndoo yake, kwa kuwa alisema viti vya kituo vinamchoma.

"Msemaji alinyamaza siku ya kifo, saa mbili asubuhi," alisema Mihayo akionyesha kioo. "Mwenyekiti aliandika, mimi nikashuhudia. Tazama. Halafu siku hiyo hiyo, saa tisa na robo alasiri, ameamka."

"Wakati tunatoka makaburini."

"Kuna kitu kinaitwa sauti hai." Mihayo alivua miwani akaifuta, akaivaa, akaivua tena. "Hiyo kanuni niliiandika mimi. Unamkumbuka yule bibi wa kijiji cha pili, wapwa zake walimwandika amekufa ili wagawane zamu yake? Miezi mitano anaomba maji, mashine inamwambia yeye ni marehemu. Nikasema hapa kwetu hapana. Mtu aliyeandikwa amekufa akisema kwenye nguzo kwa kinywa chake, aaminiwe yeye, makaratasi yasiaminiwe. Na ili mtu asije na kinasa sauti, nikaongeza kwamba majirani watatu wamwitikie kwa jina lake, hapo hapo, kwa sauti zao wenyewe."

"Kanuni nzuri."

"Nilipigiwa makofi," alisema Mihayo.

"Basi tusikilize alichosema."

Kituo huhifadhi sauti iliyomwamsha msemaji. Mihayo aligusa kioo. Kwanza vilisikika vishindo vya miguu mingi na mtu anayepiga chafya. Kisha sauti ya Sechelela, ya juu, ya kuchokoza, yenye mkwaruzo mwishoni mwa kila neno:

"Nani kasema nimekufa? Enyi Wagogo! Mnamzika mtu hata hamjamuuliza? Nilikwenda kuchungulia maji, nimerudi. Niitikieni basi!"

Watu wengi wakaitika, mmoja baada ya mwingine, wengine wakilia na wengine wakicheka: "Karibu, Sechelela!" "Sechelela, tumekungoja!" "Pita ndani, Sechelela!" Kati ya sauti hizo Mama Nghumbi aliisikia yake mwenyewe, imejaa machozi, ikisema, "Dada Sechelela, karibu nyumbani."

Baada ya hapo sauti ile ya kwanza ikasema kwamba haingii ndani bila kuku, na kuku akitolewa aliyekonda itarudi kaburini. Watu wakaangua kicheko.

Mihayo alikuwa amekaa chini sakafuni.

Ilikuwa desturi, na hakuna aliyekuwa ameifikiria. Watani ndio wanaoshika msiba wa watani wao. Mnyamwezi anapofiwa, Mgogo huja kuzuia jeneza na kudai ada. Mgogo anapofiwa, Mnyamwezi huvaa nguo za marehemu, hutembea kama marehemu, husema kama marehemu, na wafiwa ni lazima wamwitikie kama vile yule aliyezikwa ndiye aliyesimama mbele yao. Asiyeitika hutozwa kuku. Mihayo alikuwa hodari wa kazi hiyo kuliko mtu yeyote wa wilaya ile, na alijua hivyo. Siku ile alivaa kitenge cha Sechelela chenye tausi, akashika kiuno kama Sechelela, na alipofika kwenye nguzo ya lango la saba, mahali Sechelela alipopenda kusimama na kugombana na jirani zake, akaona hapo ndipo penye kupendeza. Chibago alicheka siku ile kwa mara ya kwanza. Mihayo alilala usiku huo akijiona amefanya jambo jema.

Wala hakukosea. Lilikuwa jema.

"Ni mimi," alisema.

"Nimekusikia," alisema Mama Nghumbi.

"Mashine ilitafuta sauti hai, ikapata. Ilitafuta majirani watatu, ikapata arobaini. Haikuvunja kanuni hata moja. Hakuna mahali nilipoiambia kwamba hapa kwetu watu huitikia wafu."

Mama Nghumbi alisogeza ndoo yake karibu na kioo. Kisha akasema, "Sasa funga."

"Siwezi. Fundi anasoma tu hali za wasemaji, hazibadilishi. Anayeweza kumnyamazisha msemaji aliyeamshwa kwa sauti ni yule aliyemwamsha. Anakwenda kwenye nguzo mbele ya wanachama, anasema kwa sauti ile, kisha anasema kwa sauti yake, ili mashine ione kwamba ni koo moja. Na aliyesema kwa sauti isiyo yake hufungiwa ya kwake msimu mzima. Haombi maji, hapigi kura. Hata aliyokwisha kupiga inafutwa."

"Hiyo nayo uliandika wewe?"

"Kwa wino mweusi."

Alihesabu vidoleni ingawa hakuhitaji. Akitoka Sechelela, hapana zinabaki sitini. Akitoka Mihayo, hamsini na tisa. Ndiyo ni sitini. Barabara itajengwa, na lango la binti yake litakauka.

* * *

Alijaribu njia fupi kwanza. Jioni ya Alhamisi, kabla jua halijazama, alimfuata Chibago shambani na kumweleza yote, akiwa amechuchumaa mbele yake. Kanuni, nguzo, kitenge cha tausi, kuku. Chibago alisikiliza mpaka mwisho.

"Umemaliza?"

"Nimemaliza."

"Mnyamwezi," alisema Chibago kwa upole, "kazi yako ni kunitania. Ulinitania nilipooa, ulinitania nilipofiwa. Nashukuru. Lakini hili usinitanie."

"Sikutanii, mzee."

"Mtani husema nini tena? Ndivyo asemavyo." Akainama akang'oa gugu. "Nimepeleka ombi kwa Mwenyekiti. Baada ya mkutano wa Jumamosi wanipe vijana wawili. Kaburi lifunguliwe mchana, kwa heshima. Nitazame mikono yake. Mtu aliyezikwa mzima, mikono yake itasema."

Ijumaa Mihayo alizunguka. Alikwenda lango la kumi na mbili akamtazama binti yake akifunga mizabibu kwenye waya, hakumwambia kitu, akarudi. Alikwenda makaburini, akaurudisha udongo ule wa karai mbili kwa mikono, akarudi. Mama Nghumbi alimpata amesimama katikati ya njia, mahali pasipo na sababu ya kusimama.

"Unaandika taarifa gani?" aliuliza.

"Tunaandika. Wawili. Moja."

"Basi nikuambie yangu." Aliipinda ncha ya kanga kidoleni. "Mimi naamini. Wewe unadhani ninaamini kwamba roho iko ndani ya spika. Mimi si mjinga, fundi, nimesoma darasa lile lile la jioni ulilosoma wewe, nilikaa mbele yako na nilikupita hesabu. Ninaamini hivi: Mungu alitaka maji yabaki, akatafuta mdomo, akaona wako. Angeweza kutumia punda. Alishawahi, imeandikwa kwenye Maandiko."

"Asante kwa kunilinganisha na punda."

"Punda alisema kweli. Nyamaza, Mihayo. Kaya sitini zitakunywa maji kwa sababu ulivaa kitenge. Wajukuu wa Chibago mwenyewe watakunywa. Tuandike kwamba tumeona jambo ambalo hatukuweza kulieleza. Ni nusu ya kweli, maana mimi bado siwezi kulieleza."

"Na Chibago atafungua kaburi."

"Ataona mikono imetulia. Atapona."

"Siku arobaini na tano, Mama. Katika joto hili. Ataona nini? Utakuwa hapo kushika mkono wake aone nini?"

Mama Nghumbi aliifungua ncha ya kanga kidoleni.

"Na hata asipofungua. Kila siku saa kumi na mbili ataulizwa kama amekula. Miaka thelathini, kama ataishi. Na aliyeiamsha sauti inayomuuliza ni mimi. Nimetumia maisha yangu kuwaambia watu wasidanganyike. Nilitukana waganga, nilimtukana hata mchungaji, samahani. Sasa mzimu ni mimi, na ninapanga kukaa kimya kwa sababu hesabu zake zinanifaa."

"Ukisema, binti yako atakuuliza."

"Ataniuliza."

Mama Nghumbi akaanza kutembea. Baada ya hatua tatu akageuka.

"Kitenge kile kiko kwangu," alisema. "Nilikifua. Nitakuja nacho."

* * *

Jumamosi upepo ulikuwa mbaya. Watu wa kampuni, wanaume wawili na mwanamke mmoja, walishika makaratasi yao kwa mikono miwili. Wanachama walikaa kuanzia nguzo ya lango la saba hadi kwenye ukuta wa ghala kuukuu la Jumuiya, maana Mwenyekiti alisema taarifa isomwe mahali penye jambo lenyewe. Chibago alikaa mbele, jembe jipya kando yake.

"Wachunguzi," alisema Mbeleje.

Mihayo alisimama. Alikuwa na karatasi aliyoiandika usiku mzima, yenye vichwa vya habari vilivyopigiwa mstari. Upepo uliichezesha. Akaikunja akaitia mfukoni.

Mama Nghumbi alimvalisha kitenge chenye tausi. Wachache walianza kucheka kwa mazoea, kisha wakaona uso wake wakaacha. Alishika kiuno. Alikwenda kwenye nguzo kwa hatua zile fupi za mwanamke mwenye goti bovu, na alipofungua kinywa, Chibago aliinuka nusu.

"Baba Yoramu," alisema kwa sauti ya Sechelela.

Taa ndogo kwenye nguzo iliwaka kijani. "Nakusikia, Mama Sechelela," ilisema nguzo.

"Nimekufa, Baba Yoramu. Nilikufa asubuhi, ndani, kitandani kwangu, Nghumbi amenishika mkono. Hukunizika mzima. Aliyesema nimerudi ni huyu Mnyamwezi mpumbavu, alitaka kuku." Sauti ilitaka kukatika akaishikilia. "Maji usiyangoje tena mizabibuni. Lala ndani. Niageni basi."

Desturi ilijua jinsi ya kumkaribisha marehemu. Haikuwa na neno la kumwondoa. Upepo ulipiga bati la ghala. Kisha Mama Nghumbi akasimama na kusema, machozi yakimtiririka, "Nenda salama, Sechelela." Mwingine akafuata. "Nenda, Sechelela." "Nenda, dada." Wakawa kumi, wakawa thelathini.

Mihayo akavua kitenge, akakikunja, akasema kwa sauti yake, ya chini, iliyokauka: "Mimi ni Mihayo Lugendo. Sauti hiyo ni yangu. Na ile ya siku ya mazishi ilikuwa yangu."

Taa ikageuka nyekundu. Nguzo ilifanya kazi kwa muda wa pumzi tano.

"Koo moja," ilisema kwa sauti isiyo ya mtu. "Sechelela Masima, amefariki. Mihayo Lugendo, sauti imefungwa msimu mmoja. Kura mbili zimefutwa. Hapana, hamsini na tisa. Ndiyo, sitini."

Binti yake, aliyekuwa karibu na ukuta, alisimama akamtazama. Ingekuwa nafuu kama angemtukana.

Mwanamke wa kampuni alitoa kalamu. Mbeleje aliishika lakini hakuandika. Alikuwa amepata alichokitaka na alionekana kama mtu aliyepewa mzigo wa mwingine. "Kwa kanuni," alisema, "kabla sijatia saini, mwanachama yeyote anaweza kumsahihisha msemaji wake kwa kinywa. Nauliza mara moja."

Watu walitazama miguu yao. Kila mmoja alikuwa ameshasema lake miezi miwili nyuma na kuligombea.

Chibago alisimama. Aliacha jembe pale pale chini. Alimpita Mihayo bila kumtazama, kisha akarudi nyuma hatua moja, akachukua kitenge mikononi mwake, akakiweka begani. Akasimama mbele ya nguzo.

"Chibago," alisema. "Hapana."

"Mzee Chibago," ilisema nguzo, "msemaji wako alisema ndiyo. Una hakika?"

Mzee alifikiri. Watu waliokuwa nyuma walijinyoosha wamsikie.

"Nilisema ndiyo kwa kuwa yeye alisema hapana," alisema. "Barabara mimi ya nini? Sina gari. Ila nyumba ile ilikuwa na watu wawili, na mmoja alikuwa ni lazima abishe." Akapangusa pua kwa ncha ya kitenge. "Sasa amekufa. Sina wa kubishana naye. Andika hapana."

"Hapana, sitini," ilisema nguzo. "Ndiyo, hamsini na tisa."

Makelele yaliyofuata, ya furaha na ya matusi, Mihayo aliyasikia kwa mbali. Alimwona Mbeleje akirudisha kalamu na, jambo la ajabu, akishusha pumzi. Alimwona binti yake akija kwake polepole kati ya watu. Chibago alifika kwanza.

"Mnyamwezi."

"Mgogo wangu."

"Una deni la kuku mmoja. Ulikula msibani kwa uongo."

Mihayo alifungua kinywa amjibu, maana mtani asiyejibu amekubali kushindwa. Hakikutoka kitu. Chibago alingoja jibu, akangoja tena, kisha akamshika mkono kama anavyoshikwa mtu mzee, na wakaondoka pale kwenye nguzo.

Kesho yake, saa kumi na mbili asubuhi, fundi alikuwa kando ya mfereji na mpini wa lango la saba chini ya kwapa. Hakuna kilichonguruma, na nguzo ilikaa kimya. Alisubiri dakika nzima kwa saa yake. Kisha akaupachika mpini mahali pake na kuanza kuzungusha, kwa mkono, mpaka maji yakapita kwenda shambani kwa mzee. Kutoka upande wa nyumba, mlango wa Chibago ulikuwa bado umefungwa. Alikuwa amelala ndani.